Kioo Kilichofunikwa Kilosa

Kilosa,
28 Machi 2025

Laurent,

Chumba changu cha tatu kimepotea. Kilipotea Jumapili ya tarehe 23, mchana, wakati wa ile mvua ya radi. Nakuandikia kwa sababu simu nimepiga mpaka nimechoka, anapokea mkeo, na kila mara wewe uko chini ya lori. Karatasi itakusubiri utoke.

Sijalewa na sina homa. Nyumba hii niliijenga baada ya kumzika mume wangu, kwa matofali niliyoyafyatua na kuyachoma mwenyewe pale Mkondoa. Nilichoma elfu saba. Mia mbili yalivunjika. Juzi nimezunguka kuta zote na kidole, tofali moja moja: elfu tano na mia moja. Elfu moja na mia saba hayapo. Hakuna kifusi, hakuna shimo, hata vumbi hakuna. Pale mlango wa chumba ulipokuwa pana ukuta mzima, umepigwa lipu ya zamani, una mpaka weusi wa moshi wa kibatari. Ukuta huo sikuujenga mimi.

Wezi wa matofali nawajua, wanakuja na toroli na wanaacha alama za gurudumu. Huyu wa kwangu kaondoka hadi na kumbukumbu za watu. Fundi Yared, aliyepandisha kuta hizi, kaniambia usoni, "Mama, sisi tulijenga viwili." Vibarua wangu wanaokula mezani kwangu kila mchana wanatazamana nikiuliza. Mmoja kanishauri nipumzike. Mimi!

Sasa sikiliza ilivyokuwa. Saa saba mchana ulinipigia simu. Ulisema, "Dada, huku Mikumi wingu ni jeusi, linakuja kwenu. Usisahau kufunika kioo." Nikakujibu kwamba nafunika vioo tangu sijaota meno ya pili, na hakuna mtoto wa nchi hii asiyejua kwamba kioo kinaita radi. Nikachukua kanga nikafunika kile ulichoniletea Krismasi, kile ulichokitundika mwenyewe ukakielekeza kwenye mlango wa chumba cha tatu, na nilipotaka kukihamisha ukaninunia kutwa nzima. Radi ikapiga moja tu, kubwa, mpaka sufuria zikalia kabatini. Mvua ilipokatika nikafunua. Kioo kikanionyesha ukuta.

Nakuuliza mambo mawili. Chumba hicho unakikumbuka? Na kioo chako, pacha wa hiki changu, siku ile ulikifunika?

Kuna la tatu, nalitaja usije ukasema nililificha. Sikumbuki nilikijenga kwa ajili ya nani. Nalala chumba kimoja. Kingine naweka magunia. Na mimi si mtu wa kuchoma matofali elfu moja na mia saba ili wageni wapate pa kukoroma.

Dada yako,
Kashindye


Mikumi,
2 Aprili 2025

Dada Kashindye,

Shikamoo. Barua yako konda kanikabidhi nikiwa kweli chini ya lori, kwa hiyo mke wangu hakukudanganya. Nimeisoma mara mbili, ya pili nikamsomea Agatha. Tulicheka, halafu tukaacha kucheka.

Dada, nyumba yako ina vyumba viwili. Nimelala humo. Nilikuwa natandikiwa mkeka sebuleni, na ungekuwa na cha tatu najua ungenilaza huko, maana wewe hujawahi kuninyima kitu. Huo ni moshi wa tanuru. Pumba za mpunga ni mbaya kuliko kuni, zinapanda kichwani. Acha presha. Njoo ukae kwetu wiki moja, upikiwe, usikilize malori badala ya kelele za vibarua. Ukibahatika utawaona tembo wakipita nyuma ya gereji kumaliza mapapai ya jirani, na jirani akiwatukana kutoka dirishani kwa sababu mlangoni anaogopa.

Kioo ni kioo tu. Niliviona viwili pale Dumila, fremu ya mninga, nikasema kimoja changu na kimoja cha dada yangu aliyenisomesha. Leo zawadi imegeuka kesi. Na simu hiyo ya Jumapili mimi siikumbuki. Siku ile nilikuwa napambana na tairi la fuso.

Agatha anakusalimu sana. Naye Anastazia anasema shikamoo shangazi, anauliza utamletea nini. Amekua, ukimwona hutamjua. Chumba chake amekijaza vikopo, anatuuzia mchanga kwa bei za ajabu.

Mdogo wako,
Laurent


Kilosa,
5 Aprili 2025

Laurent,

Anastazia ni nani?

Mistari ile mitatu nimeisoma nimesimama. Nyumba yenu haina mtoto. Mmeoana miaka tisa. Mimi ndiye niliyempeleka Agatha kwa daktari Morogoro, na mwaka jana mwezi wa kumi alilia kwenye bega langu mpaka gauni likalowa. Mtoto wa kuuza mchanga kwa vikopo ana miaka minne, mitano. Hawezi kuwa amedondoka juzi.

Na Anastazia ni jina la mayu. Jina la mama yetu linaanza kwa mtoto wa mkubwa, na mkubwa ni mimi. Ungepata mtoto usingelitoa kabla hujaja kuliomba kwangu, umekaa kwenye kigoda, umeinamisha kichwa, kama baba alivyotufundisha. Hukuja. Kwa hiyo ama umenidharau, ama jina hilo halikutoka kwako.

Nikwambie na ya huku, maana nimeacha kukagua kuta nimeanza kujikagua mwenyewe. Asubuhi namimina uji vikombe viwili. Kichwa kinasema uko peke yako, mkono umeshamimina. Jioni nikikaa mlangoni vidole vinasuka hewa: vinagawa mafungu, vinakaza, vinafunga ncha. Jana bafuni nimeona kovu la kisu chini ya kitovu. Ni la zamani, limeshapoa. Sina habari lilitoka wapi. Mwanamke mzima, hajui tumbo lake lilifunguliwa kutoa nini.

Halafu kuna jirani yangu Sikuzani. Unamjua, tuligombana mwaka jana kwa ajili ya moshi wa tanuru kwenye nguo zake, na tangu siku hiyo hajakanyaga kwangu. Alhamisi kanipigia kelele juu ya michongoma: "We Kashindye! Mwanao siku hizi simwoni, au umempanga kwenye tanuru na matofali?" Nikamrudishia maneno kama kawaida yetu. Nilipofika ndani nikaketi nikayarudia maneno yake. Fikiria na wewe. Krismasi mtaa mzima ulikuja kula kwangu, na wote walioingia humu ndani wamesahau. Yeye hakuingia.

Nijibu bila tembo na bila mapapai. Chumba hicho cha vikopo kimejengwa kwa tofali gani?

Kashindye


Mikumi,
10 Aprili 2025

Dada,

Shikamoo. Umeniumiza, na sikutegemea.

Anastazia ni mwanangu. Siku aliyozaliwa nilisimama nje ya zahanati na ndoo ya maji mkononi, nikasahau kuiweka chini mpaka muuguzi akaniita. Naiona siku hiyo kama ninavyoiona karatasi hii. Wewe ulikuja kwenye ubatizo wake umevaa gauni la njano. Jina la mayu uliliridhia kwa kinywa chako, ukasema, "Litumieni nyinyi, mimi sina wa kumpa." Njoo uulize yeyote Mikumi. Uliza padri. Muulize muuza chipsi wa stendi, anamjua kuliko anavyonijua mimi, maana huwa anamwongezea.

Chumba chake ni cha tofali za kuchoma, ndiyo. Nyumba nzima niliijenga kwa tofali za saruji, nguvu ikaisha, nikamalizia na za kuchoma nilizonunua kwa mtu Ruhembe. Nani hafanyi hivyo? Na huyo Sikuzani mlitukanana mpaka mwenyekiti wa mtaa akaitwa. Leo ndiye shahidi wako?

Naomba kwa heshima, Agatha usimwandikie. Hana moyo wa mambo haya.

Na wewe jiulize kwa haki, dada. Mtu anayeondoka alfajiri kwenda kwenye tanuru na kurudi gizani, anayeishi na makaa na malori, mtoto wa mtu kama huyo angelelewa na nani? Wangu ana mama anayeshinda naye nyumbani. Huku hakuna tofali la moto la kukanyaga.

Kioo, kama kinakukera, nitakitoa ukutani. Lakini mvua hizi ziishe kwanza.

Laurent


Kilosa,
Jumamosi Kuu, 19 Aprili 2025

Laurent,

Pasaka njema nitakutakia mwaka mwingine.

Jumanne nilikwenda Dumila. Nilimkuta fundi wako wa vioo, Elineema, nyuma ya vibanda vya nyanya, anakata kioo cha dirisha. Ni mzee wa Kipare, maneno anayapima kama dawa. Nikamwambia, "Shikamoo. Kioo chako kimenimezea chumba."

"Marahaba," akasema, bila kuinua kichwa. "Ulikifunika kwenye radi. Na mwenzake wakamwacha wazi."

Laurent, nilikuwa sijamweleza kitu.

"Vimetoka kwenye bamba moja," akasema. "Nimevikata mimi, ila vyenyewe havijui kama vimekatwa. Radi ikimulika, vinatafutana. Vikiwa wazi vyote, vinaonana, basi, yameisha. Vikifunikwa vyote, vimelala. Kikifunikwa kimoja, kilicho wazi kinavuta kila ambacho mwenzake alikuwa amekishika."

"Na watu kusahau?"

"Huku wanasahau, kule wanakumbuka. Lakini ni wale tu ambao kioo kimewaona. Ambao hakikuwaona hakiwawezi."

Hapo nikaelewa mikono yangu. Kile kioo ulikitundika juu. Kila asubuhi kiliniona kichwa nikifunga kilemba. Mikono hakikuiona, wala tumbo. Tanuru kioo hicho hakijawahi kuliona, ndiyo maana hesabu ya matofali nimebaki nayo, na hesabu ndiyo iliyoniachia chumba.

Nikamuuliza kinarudishwaje. Akasema kwa njia ile ile: cha kwenu kifunikwe, changu kikae wazi, radi ipige. Iwe masika haya haya. Kiangazi kikiingia, kilichohama kimehamia moja kwa moja. "Na usikivunje kwa hasira, mama. Ukikivunja, umevunja na kile kilichoshikwa humo, hatapata yeyote kati yenu." Nikamuuliza la mwisho: mdogo wangu alisema nini siku aliyovinunua? Akaweka chombo chake chini, akafikiri. "Wengine wanauliza kama fremu italiwa na mchwa. Yule aliuliza kipi kinapokea."

Jumatano nilikuja Mikumi. Hukuniona. Nilishuka kabla ya stendi, nikasimama ng'ambo ya barabara katikati ya malori na mtandio usoni. Nyumba yako ya kijivu ina chumba chekundu ubavuni, kama kiraka cha kitambaa kingine. Nikavuka, nikausogelea ukuta. Kalibu yangu ina ufa kwenye kona, kila tofali linalotoka humo lina mstari kama wa ukucha. Unaujua, ulikuwa unanitania kwamba matofali yangu yamekunwa. Ukuta wako umekunwa wote, juu mpaka chini. Huyo mtu wako wa Ruhembe ananunua kalibu wapi?

Nikiwa pale akatoka mtoto na kikopo. Akaniamkia, "Shikamoo," kama anavyomwamkia mpita njia yeyote. Laurent, sikumjua. Nilimtazama uso, nikatafuta, nikakuta patupu kama ukuta ule wa sebuleni kwangu. Kichwa hakikusema lolote. Lakini gauni lake lilikuwa limefunguka kifungo mgongoni, na mkono wangu ukatoka wenyewe ukakifunga, bila mimi kuangalia, kwa vidole viwili, kama kitu nilichokifanya asubuhi zote za maisha yake. Akasema, "Ahsante bibi." Nikageuka kwenda kupanda basi.

Utajiuliza kwa nini sikumchukua. Ningemshika mkono, Mikumi nzima ingenipiga kama mwizi wa watoto, na kwa wanachokijua wao wangekuwa na haki.

Simu yako ya Jumapili ipo hapa kwenye simu yangu, saa saba na dakika kumi. Ilikuwa mfukoni mwa aproni, kioo hakikuiona. Usiniambie tena habari za fuso. Niambie ulikuwa unalichungulia lile wingu kwa ajili ya nini.

Kashindye


Mikumi,
24 Aprili 2025

Wifi Kashindye,

Shikamoo. Laurent hajui kama nakuandikia. Barua yako ya Pasaka aliificha ndani ya tairi bovu, nami nimeikuta nikitafuta kuku anayetaga huko.

Usiniite mwizi kabla hujanisikia. Mimi nakumbuka kumzaa. Nakumbuka uchungu, nakumbuka muuguzi mwenye mkono baridi, nakumbuka alivyokunja ngumi. Kumbukumbu hizo ninazo, na ni tamu, na siwezi kujizuia kuzipenda. Lakini kioo chetu nacho kiko juu, wifi. Nacho kinanionyesha kichwa tu. Nilipomaliza kukusoma nikaingia bafuni na taa. Tumbo langu halina mstari hata mmoja. Kichwa changu kimezaa, mwili wangu haujapata habari.

Mtoto akiota anaita "mayu". Kwetu hatusemi mayu. Laurent anasema kamfundisha yeye, lakini miaka yote niliyokaa naye, neno hilo nimelisikia kinywani mwake pale tu anapomtaja marehemu mama yenu. Hajawahi kuniita mimi hivyo mbele ya mtoto. Sasa mtoto anamwita nani?

Na siku ile ya mvua nilitaka kufunika kioo chetu kama watu wote. Kanga ilikuwa mkononi. Laurent akaichukua, akaikunja vizuri, akaiweka kwenye kiti, akasema, "Leo acha." Nikamuuliza unataka radi ituue? Akasema, "Agatha, leo acha tu." Kila dakika alikuwa anakwenda dirishani kutazama wingu. Nilidhani ni woga wa radi.

Nimemuuliza. Anasema hajui ninachokisema. Halafu anakaa mlangoni kwake, mlango wa chumba chekundu, anaangalia mawingu. Siku hizi mvua ikianza anakaa na mgongo kwenye kioo mpaka iishe, mtu asikiguse.

Nina swali moja. Mtoto ana kovu la moto kwenye unyayo wa kushoto, karibu na kisigino, limenyooka upande mmoja kama limekatwa na rula. Laurent anasema alimwagikiwa chai. Wifi, chai haimwagikii unyayo. Mimi ndiye ninayemwosha miguu kila jioni na kichwa changu chote cha mama hakina habari ya kovu hilo. Anayejua ni mama yake. Niambie ni la nini.

Sijasema nitamrudisha. Miaka tisa nimekaa nikiwatuma watoto wa wenzangu dukani, na sasa asubuhi kuna mtu ananiita mama kabla sijafungua macho. Ukikosea jibu, usiniandikie tena. Ukipatia, sijui nitafanya nini.

Wifi yako,
Agatha


Kilosa,
29 Aprili 2025

Agatha na Laurent,

Barua hii ni yenu wote wawili. Agatha, msomee kwa sauti, na mtoto awe kwa jirani.

Jibu la swali lako sikuwa nalo. Kichwa changu kimefagiliwa. Ningeweza kubahatisha, mtu anayeishi na tanuru angebahatisha vizuri tu, lakini sikutaka kumpata kwa kubahatisha. Nikapita kwenye michongoma nikaenda kwa Sikuzani. Alikuwa anachambua mboga. Akaniangalia toka miguuni.

"Umekuja kutukana au kununua mchicha?"

"Nimekuja kuuliza habari za mwanangu."

"Za mwanao unaniuliza mimi?"

"Nakuuliza wewe kwa sababu nyumbani kwangu huingii."

Alidhani ni kejeli. Nikamwambia unyayo wa kushoto, kisigino. Akaacha mboga. Akasema: "Tofali. Mwaka jana mwezi wa nane. Lilikuwa linatoka kwenye tanuru, kalikanyaga ukingoni. Wewe ulikuwa unapakia lori ng'ambo, hukusikia. Mimi ndiye niliyeruka huu mchongoma nikamnyanyua, gauni langu la kitenge likachanika, nikampaka dawa ya meno. Ukaja ukanitukana kwamba nimemharibia mtoto kidonda. Matusi yale mwenyekiti alikataa kuyarudia." Nikamuuliza, na moshi? Mimi nakumbuka tuligombania moshi. "Moshi gani? Moshi wako nimeuvuta miaka sita, nimewahi kusema kitu?"

Hata ugomvi wangu kioo kilikuwa kimeutoboa katikati, nikabaki nakumbuka maganda yake.

Akaendelea bila kuulizwa. Kwamba mtoto ni wa marehemu mume wangu, aliyekuwa akifanya kazi reli, nilibaki naye tumboni siku tunamzika. Kwamba nilipasuliwa. Kwamba jina nilimpa mimi, Anastazia, na chumba nilikijenga alipoanza kusema anataka mlango wake mwenyewe wa kufunga. Nikamwomba arudie hilo la mlango. Akarudia. Aliponifungia mchicha alikataa niulipie, na mimi nikamwahidi kitenge.

Kwa hiyo Agatha, ni tofali langu, mguu wa kushoto, na limenyooka kama rula kwa sababu ukingo wa tofali umenyooka. Huo ndio ukweli, hata kama haunipambi.

Laurent. Wiki ile mtoto alipoungua ulikuja kumwona, Sikuzani alikuona kwenye michongoma mimi nikiwa tanuruni. Kwake ulisema, "Dada anachoma kila kitu." Krismasi ukaleta kioo. Na barua yako ya tarehe 10 inasema huko hakuna tofali la moto la kukanyaga, wakati hakuna mtu aliyekuwa ametaja moto, wala unyayo. Mkeo ukamwambia ni chai. Mtu asiyejua kitu hahitaji chai.

Ulikuwa na neno juu ya malezi yangu. Ungekuja ukalisema kwenye kigoda changu. Ningekutukana kuanzia mchana mpaka jioni, halafu usingizi ungenikataa, kesho yake ningelisikia. Ungeniomba mtoto aje kukaa kwenu likizo zote, ningekupa. Wewe hukuomba. Ulikwenda Dumila kuuliza kipi kinapokea.

Sasa kazi iliyobaki. Walioshuka na vitunguu toka Lumuma wanasema huko milimani mvua zimeanza kukata. Kwa hesabu yangu kuna mvua mbili za radi zilizobaki, tatu tukipendelewa. Kioo changu kiko wazi usiku na mchana. Radi ya Ijumaa ilipopiga nilikaa uani chini ya bati ili kisinione, na mtaa mzima wamefunika vioo vyao wananichungulia madirishani, wanasema mama wa matofali kaamua kuwa mchawi. Waseme. Lakini cha kwangu peke yake hakifanyi kitu. Kanga inayotakiwa ni ya Mikumi, na mkono ni wenu.

Agatha, sikudanganyi. Ukikifunika, kichwa chako kitasahau kwamba ulizaa. Mikono itabaki inatafuta miguu ya kuosha jioni. Najua inavyokuwa, hainipi usingizi. Ndiyo maana nakwambia mapema: andika kwa mwandiko wako kwamba una mtoto Kilosa wa kwenda kumsalimia, karatasi uiweke kwenye lile tairi bovu kioo kisipoona. Ukija, utamkuta, utalala chumba chake, na nitamfundisha kukuita mama mdogo. Hilo nakuahidi mimi, na mimi sina sifa ya kupunguza idadi.

Laurent, wewe sikuahidi kitu. Toa mgongo wako kwenye kioo, tutaongea baadaye.

Swali ni moja tu. Radi ikipiga tena, kanga itakuwa juu ya kioo chenu, ndiyo au hapana? Sitaki habari za fuso, sitaki "tutaona", sitaki "dada umechoka". Mpeni konda jibu lililoandikwa. Basi lake linaingia stendi ya Kilosa Jumamosi, tarehe 3 Mei, saa kumi jioni, na mimi nitakuwa nimesimama pale mlango unapofungukia. Asiponiletea kitu, nitahesabu kwamba mmesema hapana, na basi hilo hilo likigeuza nitalipanda, na kanga nitakuja nayo mwenyewe.

Ndiyo au hapana. Jumamosi, saa kumi.

Kashindye,
mama Anastazia